Kaka, gita na wimbo usio na mtunzi

Wiki imekwendaje? Kama imekwenda poa, shukuru Mungu. Kama imekwenda kombo, sogea tukae, maana hata mimi nimepigwa ngwala, tena na kitu ambacho sikukitegemea kabisa: gemu la watoto.

Usicheke kwanza. Nisikilize.

Kijana wa kaka yangu anasoma chuo hapa Dar. Jumamosi huwa anakuja kwangu kufua nguo na kula ugali wa maana, kwani huko hosteli, anasema, dagaa wanahesabiwa. Jumamosi hiyo mvua ilikuwa imeshika tangu alfajiri, umeme hakuna, yeye kajilaza kwenye kochi na kimashine chake cha gemu, mimi nahangaika na makala ambayo hadi leo haijaisha. Mara nikasikia filimbi. Sauti tatu, halafu zile zile tatu tena. Basi. Nikaacha kuandika.

"Wimbo gani huo?"

"Zelda, ba'mdogo. Gemu la zamani hili, limenizidi umri."

Nikachungulia. Kwenye kioo kulikuwa na uwanda mkubwa, jua linawaka. Akabonyeza tena zile sauti, jua likatua palepale na usiku ukaingia kama mtu kazima taa.

"Sasa imekuwaje?"

"Nimeupiga wimbo wa jua," akasema, kana kwamba ni kitu cha kawaida kama kupika chai.

Hapo ndipo niliponasa, ndugu yangu. Makala nikaiacha mpaka kesho.

Gemu lenyewe linaitwa The Legend of Zelda: Ocarina of Time. Wajapani wa Nintendo walilitoa Novemba 1998. Okarina ni filimbi ya kweli, ipo duniani, mara nyingi ya udongo, imevimba kama yai la bata na ina matundu ya vidole. Humo ndani kuna kijana anaitwa Link. Akipuliza wimbo huu, mvua inanyesha. Akipuliza ule, farasi wake anakuja mbio. Akipuliza wa jua, mchana unakuwa usiku na usiku unakuwa mchana, bila kuuliza mtu.

Muziki wa gemu hilo kautunga Koji Kondo, yule yule aliyetunga muziki wa Super Mario Bros. wa mwaka 1985, ambao hata kama hujawahi kucheza nina hakika umeusikia kwa jirani. Nyimbo za filimbi ya Link mchezaji anazipiga kwa vitufe vitano tu, sauti tano. Jamaa akatoa humo nyimbo ambazo mtu akizisikia mara mbili, ya tatu anaimba bafuni. Si mchezo.

Lakini ndani ya hadithi, wimbo wa jua una habari yake. Kijana akanipeleka makaburini, kwenye gemu namaanisha, akanionyesha mizimu miwili. Ndugu hao, baba mmoja mama mmoja, walikuwa watunzi wa nyimbo. Mkubwa anaitwa Sharp, mdogo anaitwa Flat. Enzi za uhai wao waliutumikia ukoo wa mfalme, na katika kazi zao wakawa wanatafuta namna ya kuutawala wakati wenyewe. Akatokea bazazi mmoja, Ganondorf, mwizi mwenye njaa ya utawala, akautaka utafiti ule. Ndugu wale wakaona bora wafe kuliko kumpa. Wakafa kweli. Kilichobaki ni mizimu yao, na ule wimbo ulioachwa ndani ya kaburi la wafalme ukisubiri mtu wa kuupuliza.

Nikasema hii bomba. Watunzi wangapi unaowajua wangekufa ili kazi yao isiibwe? Wengi wetu tunakufa baada ya kazi kuibwa, tena kwa presha.

Halafu nikayafikiria yale majina. Sharp na Flat. Haya majina mimi nayajua. Nilifundishwa na kaka yangu, baba yake huyu kijana, uani kwetu, mimi nikiwa darasa la tano na yeye akiwa na gita lake la kwanza. Alikuwa akinishika kidole ananiweka kwenye shingo ya gita: "Ukipanda chuma kimoja, hiyo ni shapu. Ukishuka kimoja, hiyo ni flati." Nikawa naona shapu na flati ni maadui, huyu anakwenda juu, huyu chini. Kaka akacheka. Akanipandisha kutoka C chuma kimoja, akanishusha kutoka D chuma kimoja. Kidole kikaangukia pale pale. "Umeona? C shapu na D flati ni sauti moja. Inategemea tu umetokea wapi."

Hilo sikumwambia kijana. Nikamwambia aendelee kucheza.

Akabadilisha gemu. Akaweka la pili yake, Majora's Mask, la mwaka 2000. Hili, msomaji wangu, ni noma. Kuna mji, na juu ya mji kuna mwezi wenye sura mbaya, macho mekundu, unashuka. Baada ya siku tatu unauangukia mji na kila mtu kwisha habari yake. Siku tatu hizo kwa saa zetu hazifikishi hata saa moja. Dawa ni moja tu: unapuliza Wimbo wa Wakati, unarudi asubuhi ya siku ya kwanza, unaanza upya. Ukiupuliza wimbo huo kinyumenyume, saa zinakwenda taratibu. Ukiipiga kila sauti mara mbili, unaruka mbele mpaka machweo au mapambazuko.

Nikamwambia kijana, ningekuwa nao huo wimbo ningekuwa mbali. Kuna siku kama nne tano hivi maishani mwangu ningezirudia kesho asubuhi.

"Una bei, ba'mdogo," akasema. "Ukirudi nyuma, hela zote ulizokuwa nazo mfukoni zinapotea. Zinabaki tu ulizoweka benki."

"Benki inajuaje, kama ni siku ya kwanza tena?"

"Karani anakupiga muhuri mwilini kwa wino."

Tukacheka. Lakini akaendelea, na hapo kicheko kikanikauka. Ukirudi nyuma, watu nao wanakusahau. Kuna dada anaitwa Anju, ana nyumba ya wageni, mchumba wake Kafei amepotea kabla ya harusi. Kumbe jamaa hajakimbia, amelogwa amekuwa mtoto mdogo, naye amejificha. Wewe unahangaika siku zote tatu, unapeleka barua, unapokea, unakimbizana na mwizi, mpaka dakika za mwisho kabisa mwezi uko juu ya paa, wawili wale wanakutana. Unasimama pale unawaangalia. Halafu inabidi upulize filimbi ujiokoe. Asubuhi ya siku ya kwanza Anju yuko kaunta, hakujui, na mchumba wake amepotea tena. Ulichotengeneza chote kimefutika pamoja na kilichoharibika.

Nikakumbuka zile siku zangu nne tano. Ile ninayoitaka kuliko zote ni ya mwaka 2017. Binti yangu amezaliwa 2019. Nikiupuliza wimbo ule nikarudi 2017, asubuhi hiyo binti yangu hayupo. Hajulikani na mtu. Nikajikuta nimegeuka kumwangalia, amelala mkekani, mdomo wazi, mguu mmoja juu ya ukuta kama kawaida yake.

Sasa ndugu wale watunzi nao wamo katika gemu la pili, ila wameharibikiana. Sharp, kaka mtu, ameuza roho yake kwa shetani na kumfungia mdogo wake kaburini. (Hapa Bongo msanii akipata gari tu tunasema kauza roho, huyu kauza kweli na hata baiskeli hakupata.) Mto wa bonde lile umekauka. Sharp anakaa pangoni kwenye chanzo cha maji, na ukimsogelea anakutumbuizia wimbo wa giza, kadiri unavyousikia ndivyo uhai unavyokutoka.

Unadhani anashindwa kwa upanga? Thubutu. Unashuka kaburini kwa mdogo mtu, Flat, naye anakufundisha wimbo wa mvua, Wimbo wa Dhoruba. Ujumbe anaokupa umpelekee kaka yake si wa kubembeleza, una machozi yake na una hasira zake. Unakwenda nao pangoni, unaupuliza mbele ya Sharp. Akili inamrudia. Maji yanatoka, mto unatiririka, gurudumu la nyumba moja bondeni linazunguka, na nyumba ile yenyewe inaanza kupiga muziki na kuyafukuza maiti yaliyokuwa yakiizunguka.

Angalia hapo, hakuna saa iliyorudishwa. Yaliyotokea yametokea. Mvua tu imenyesha leo.

Kijana akanyamaza kidogo. Halafu akasema kuna kitu cha ajabu kuhusu huo huo Wimbo wa Dhoruba, kwenye gemu la kwanza, lile la 1998. Akanihadithia, na mimi nakuhadithia wewe, ukishindwa kulala usinilaumu.

Humo Link anaishi nyakati mbili, utotoni na miaka saba baadaye. Akiwa mkubwa anaingia kwenye kinu cha upepo, anamkuta mpiga kinanda amefura kwa hasira. Anasema miaka saba iliyopita alikuja mtoto mmoja na okarina, akapiga wimbo, kinu kikazunguka kama kichaa. Wimbo wenyewe ndio huu! Anaupiga, Link anaushika. Kisha Link anarudi utotoni, anaingia kwenye kinu kile kile, anaupuliza wimbo aliofundishwa. Kinu kinazunguka kama kichaa, mzee anaushika wimbo, anakaa na hasira yake miaka saba akimsubiri amfundishe.

Sasa niambie, wewe unayejiita mjanja wa mjini. Wimbo ule katungwa na nani? Mzee kaupata kwa mtoto. Mtoto kaupata kwa mzee. Jumapili nililipeleka swali hilo kijiweni na hadi bao likaahirishwa. Mmoja akasema mtoto ndiye mtunzi kwa sababu alitangulia kuupiga. Mwingine akasema mzee, kwa sababu alitangulia kufundisha. Fundi viatu wetu, mtu wa maneno machache, akasema, "Hauna mtunzi. Unazunguka tu."

Lakini nimeruka. Turudi Jumamosi, kwa sababu kijana alikuwa hajamaliza.

"Ba'mdogo, naweza kuuliza?"

"Uliza."

"Wewe na baba, nani alianza?"

Nikajibu kama ninavyojibu siku zote: "Kamuulize baba yako."

Akatabasamu, lakini si kwa furaha. "Baba nilishamuuliza. Alisema nikuulize wewe."

Nje mvua ilikuwa inaendelea. Nilijifanya natafuta mishumaa.

Msomaji wangu, nimekuandikia safu hii miaka mingi. Nimekucheka kwa wapenzi wako, kwa madeni yako, kwa simu unazozima mwisho wa mwezi. Leo zamu yangu.

Mwaka 2017 kaka alihamia Morogoro, akaniachia gita lake nimtunzie mpaka apate chumba kizuri. Lile lile la uani, lenye alama ya kuungua karibu na tundu, mahali alipowahi kuliegemeza kwenye dawa ya mbu. Kodi ya nyumba ikanibana. Nikaliuza. Laki moja na nusu. Nikajiambia nitalikomboa mwisho wa mwezi. Unazijua hizo hesabu. Alipolihitaji nikampigia simu nikamwambia, "Kaka, wamevunja, wamechukua na gita." Akanipa pole. Alinipa pole! Akaniuliza kama mimi ni mzima.

Mwaka 2018 akaja Dar kwenye harusi Mbagala. Kijana wa bendi alikuwa anapiga gita lenye alama ya dawa ya mbu. Kaka akamsogelea kistaarabu, akamuuliza kalinunua wapi, akatajiwa mpaka mtaa. Akanipigia usiku ule. Mimi, badala ya kukiri, nikawaka: kwamba ananifanya mwizi, kwamba tangu utotoni ananidharau, kwamba mama alipougua alikuwa wapi. Na yeye akasema yake. Tangu hapo salamu zetu zinabebwa na watoto. Ndugu wakituuliza, mimi nasema alinitukana, yeye anasema amuulizwe mdogo wake. Watu wa ukoo wameshindwa kujua mwanzo uko wapi. Unazunguka tu, kama kile kinu.

Miaka yote hiyo nilikuwa najiona Flat, mdogo niliyefungiwa shimoni na kaka mwenye roho mbaya. Usiku ule wa mvua nikaona sivyo. Wimbo wa kinu huenda hauna mtunzi. Wa kwetu anaye. Ni mimi. Nilitunga maneno matatu, "Kaka, limeibwa gita", na yaliyofuata yote ni kiitikio.

Jumatatu nikapanda treni ya umeme. Tangu ilipoanza mwaka 2024, Dar mpaka Morogoro ni kama saa mbili hivi, hujamaliza karanga umefika. Nikawa nahesabu njiani: miaka saba na ushee nimeshindwa safari ya saa mbili. Wajapani wangesema ndio wimbo uliopigwa kinyumenyume.

Kaka ana kibanda cha kutengeneza redio na spika. Nilimkuta ameinama kwenye spika iliyofunguliwa, miwani kwenye ncha ya pua. Nywele zimekuwa nyeupe pembeni. Hilo hakuna mtoto aliyeniambia.

"Shikamoo kaka."

Akainua macho. Muda ukapita.

"Marahaba."

Sikukaa. Nilijua nikikaa nitaanza na hali ya hewa. Nikasema: "Kaka, gita halikuibwa. Niliuza. Hakuna aliyevunja nyumba. Nilikudanganya, na uliponiuliza nikakutukana ili usiniulize tena."

Akaweka kifaa chake cha kulehemu chini. Akavua miwani, akaifuta kwa shati, akaivaa tena.

"Uliuza shilingi ngapi?"

"Laki moja na nusu."

"Laki moja na nusu?" Sauti ilipanda hadi fundi wa kibanda cha pili akageuka. "Gita lile? Laki moja na nusu? Wewe mtoto una akili kweli?"

Hasira hiyo, msomaji wangu, ilikuwa ya haki, na ilikuwa na machozi ndani yake, ya kwake na ya kwangu. Aliyatoa yote. Ya gita, ya uongo, ya usiku wa harusi, ya mama. Nilisimama nikayapokea. Hakusema amenisamehe na mimi sikumwomba aseme. Nilimwambia nitalipa, kidogo kidogo, bei ya gita na si bei niliyouzia, akasema hilo tutaandikiana, maana neno langu kwa sasa halina thamani sokoni. Sawa. Nimeandika, nimetia sahihi, na nakala anayo yeye.

Nilipogeuka kuondoka nikidhani yameisha, akaniita.

"Unakwenda wapi? Shika huu waya. Mkono wangu wa kushoto siku hizi unatetemeka."

Nikashika. Akalehemu, moshi ukapanda kati yetu. Kisha akaiwasha ile spika kuijaribu, ikakoroma kwanza, halafu ikashika sauti.

Jumamosi hii kijana anakuja kufua kama kawaida. Nimeshamwambia asinicheze mwisho wa gemu lile kabla sijafika, na jibu la swali lake nimemwekea. Tukutane wiki ijayo, Mungu akipenda. Nitarudi kukucheka wewe.